Kulaza diski ya akiba bila kuichosha

Ofisi nyingi za utalii ninazohudumia hapa Arusha, kuanzia Sakina hadi Njiro, zina kompyuta moja ya Ubuntu inayotunza picha za safari na nakala za hesabu. Umeme ukikatika inabaki kwenye inveta, na diski inazunguka bure. Diski ya inchi 3.5 isiyo na kazi hula takriban wati 4 hadi 6. Ikilala, yaani mota yake ikisimama, hushuka chini ya wati 1. Betri inaliona hilo. Ila diski inayolala na kuamshwa kutwa nzima huchakaa mapema kuliko ile inayozunguka tu, kwa hiyo usikimbilie kuweka muda mfupi.

Hatua ya 1. Tambua diski:

`lsblk -d -o NAME,ROTA,MODEL`

Kwa diski za ndani, ROTA ikiwa 1 ina mota. Ikiwa 0 ni SSD, diski isiyo na mota; iache, hujipunguzia umeme yenyewe. Diski yenye mfumo endeshi nayo iache, maana mfumo huiandikia kila wakati. Hapa nachukulia diski yetu ni sdb.

Hatua ya 2. Sakinisha zana, kisha soma hali ya diski:

`sudo apt install hdparm smartmontools`
`sudo smartctl -A /dev/sdb`

Nakili namba za mstari wa 4 (Start_Stop_Count) na wa 193 (Load_Cycle_Count).

Hatua ya 3. Ilaze kwa mkono, kisha ikague:

`sudo hdparm -y /dev/sdb`
`sudo hdparm -C /dev/sdb`

Unataka jibu la "standby". Iache bila kuigusa. Ikiamka yenyewe, kuna programu inayoisumbua: `sudo fuser -vm` ikifuatiwa na njia ya folda ambamo diski imepachikwa itakutajia. Ichunguze pia smartd, ambayo kwa kawaida hukagua diski kila dakika 30. Hakikisha `-n standby` ipo kwenye mstari wa DEVICESCAN ndani ya /etc/smartd.conf ili iiache ilale.

Hatua ya 4. Chagua muda. Kwenye `hdparm -S`, namba 1 hadi 240 huzidishwa kwa sekunde 5, hivyo 120 ni dakika 10. Kuanzia 241 hesabu inabadilika: 241 ni nusu saa, 242 ni saa moja. Ofisi inayofungua picha kila robo saa ikiwekewa 120, mota itawashwa mchana kutwa, na kila kuwashwa huvuta zaidi ya wati 20 kwa sekunde chache. Mimi huweka 242: `sudo hdparm -S 242 /dev/sdb`.

Hatua ya 5. Ili mpangilio ubaki hata kompyuta ikizimwa, andika kwenye /etc/hdparm.conf, ukitumia jina kutoka /dev/disk/by-id, kwa kuwa sdb inaweza kugeuka sdc:

`/dev/disk/by-id/JINA_LA_DISKI {`
`spindown_time = 242`
`}`

Hatua ya 6. Baada ya wiki, rudia smartctl. Mstari wa 4 ukipanda mara nyingi kwa siku, ongeza muda. Ukipanda wa 193 peke yake, diski inaegesha vichwa vyake mno. Jaribu `sudo hdparm -B 254 /dev/sdb`.

Diski ya nje ya USB huenda isitii amri hizi, kwa sababu makasha mengine hayazipitishi. Hiyo itoe kwa `umount` kila jioni, kisha chomoa waya wake wa umeme.