Kimeng'enya: maana yake na namna ya kukiona kikifanya kazi
Kimeng'enya, ambacho kwa kawaida ni protini, huharakisha mmenyuko wa kikemia bila chenyewe kuisha. Kikichemshwa usiandike "kimekufa", kwani hakikuwa hai. Andika umbo lake limeharibika. Kosa hili ni la kawaida mno.

Changanya mililita 5 za maji ya wanga ya asilimia 1 na mililita 1 ya mate, uweke mrija kwenye maji ya nyuzi 37 za Selsiasi. Kila dakika dondosha tone moja kwenye iodini. Bluu-nyeusi: wanga ungalipo. Ikibaki kahawia, amilesi, yaani kimeng'enya kilichomo kwenye mate, imeumaliza.

Bluu isipotoweka, huenda maji yalikuwa moto kupita kiasi. Andaa na mrija wa pili wenye mate yaliyochemshwa na kupozwa, upate wa kulinganisha.