Kutunga Kalenda ya Ulimwengu wa Kubuni: Anza na Siku Zinazobaki

Waandishi wengi wa hadithi za kubuni, wanapofika kwenye kalenda ya ulimwengu wao, hukimbilia kutunga majina ya miezi yenye sauti ya ajabu, huku mwaka wenyewe ukibaki na miezi 12, juma la siku 7 na majira manne yenye theluji ambayo mwandishi hajawahi kuyaishi. Majina ni kazi ya mwisho. Kazi ya kwanza ni hesabu, na katika hesabu hiyo sehemu iliyobeba hadithi ni ile isiyogawanyika sawasawa.

Tazama kwanza anga letu. Kutoka mwandamo mmoja hadi mwingine ni takriban siku 29.53, ilhali mwaka wa jua una takriban siku 365.24, kwa hiyo miandamo 12 hufikisha siku 354 tu, na pengo la siku 11 hivi kila jamii imelishughulikia kwa njia yake. Kalenda ya Kiislamu imeliacha pengo lilivyo, ndiyo maana Ramadhani hupita katika majira yote kwa muda wa miaka 33 hivi. Ethiopia ina miezi 12 ya siku 30, kisha mwezi wa 13 wenye siku 5 au 6. Mabaharia na wakulima wa pwani yetu waliuhesabu mwaka wa Nairuzi, wenye siku 365, kwa makumi ya siku yaitwayo miongo, na Makunduchi kule Unguja mwaka huo hukogwa hadi leo mwezi wa Julai. Mkaazi wa Nairobi hahitaji kusafiri ili aone kalenda kadhaa zikiishi pamoja, kwa kuwa mpangaji wa Eastleigh anaweza kulipa kodi kwa tarehe, kupeleka watoto shule kwa mihula mitatu na kufunga kwa mwandamo, huku jirani yake Mwethiopia akisherehekea mwaka mpya Septemba.

Sasa chukua karatasi na uandike namba tatu: urefu wa mwaka, urefu wa mzunguko wa mwezi, na idadi ya siku kutoka soko moja hadi lingine. Tuseme tunabuni nchi ya visiwa yenye mwaka wa siku 343.2, mwezi wa siku 26 na soko kila siku ya tano. Mwezi wa pili angani usiuongeze kwa ajili ya urembo tu. Kila mwezi huvuta maji, na ukiuweka utalazimika kuyajibia mawimbi yake.

Miezi 13 ya siku 26 ni siku 338. Zinabaki siku 5 na sehemu ya tano ya siku, na hapa ndipo pa kutulia. Njia ya kwanza ni kuziweka siku hizo 5 mwishoni mwa mwaka, nje ya mwezi wowote, na kuzifanya 6 kila mwaka wa tano; mwaka utafuatana na jua, lakini mwaka mpya utakutana na mwandamo mara moja tu katika kila miaka mitano. Njia ya pili ni kuufuata mwandamo bila kuuacha, kisha kuongeza mwezi mzima wa 14 kila mwaka wa tano. Njia zote mbili hufikisha siku 1,716 katika miaka mitano, ila njiani hutengana, hata mwaka wa tano wa kalenda ya pili huanza siku 20 kabla ya ule wa kwanza. Namba hizi nimezilainisha makusudi. Zako zinaweza kuwa sugu zaidi.

Usichague njia moja. Wape watu wa hekalu ya kwanza na wavuvi ya pili, kisha uweke katikati yao deni la kulipwa mwaka mpya, mdai akiwa mvuvi:

“Leo ni mwaka mpya, shemeji. Nimefuata fedha zangu za tanga.”

“Mwaka mpya wa nani? Hekalu halijapiga ngoma.”

Mistari miwili hiyo inamweleza msomaji kalenda yako kuliko kurasa za maelezo. Jiulize pia mtoto aliyezaliwa katika zile siku 5 zisizo na mwezi anahesabiwaje umri, na kama riba hukua katika siku hizo.

Baada ya hesabu, amua ni nani mwenye mamlaka ya kutangaza. Hapa Kenya, Kadhi Mkuu hutangaza kuandama kwa mwezi, na bado huwa pana mjadala iwapo mwezi ulioonekana nchi nyingine unatosha. Uingereza ilipohamia kalenda ya Gregori mwaka 1752, Septemba 2 ilifuatwa na Septemba 14 kwa amri ya bunge. Ufaransa ya mapinduzi ilijaribu juma la siku 10, na kalenda hiyo ikafutwa kuanzia Januari 1806. Anayeshika kalenda hushika kodi, sikukuu na siku za mapumziko, kwa hiyo mpinzani wake wa kwanza ni mtu aliyenyang’anywa pumziko.

Majira yatoke kwenye nchi uliyoibuni. Nairobi iko digrii moja na ushee kusini mwa ikweta; urefu wa mchana wake haubadiliki kwa kiasi cha kumshughulisha mtu, na mwaka hugawanywa na masika ya Machi hadi Mei, baridi yenye mawingu ya Julai, na vuli ya Oktoba hadi Desemba. Mkulima alihitaji alama nyingine angani, na akaipata kwenye nyota: “Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.” Wape watu wako kundi la nyota la namna hiyo, na usemi wao wenyewe wa kulikumbukia.

Majina sasa yatakuja kwa urahisi, nayo yawe mafupi, ya kazi na hali ya hewa. Miaka pia wazee waiite kwa matukio, njaa au nzige, huku makarani wakiihesabu kwa namba.

Mwisho, andika mwaka mzima wa tano siku kwa siku, kalenda zote mbili zikiwa safu kwa safu, utie alama siku za soko, na ukague kila safari na kila ujauzito wa hadithi yako dhidi ya karatasi hiyo kabla ya kuandika sura inayofuata.