Kubuni Nadharia ya Kuvuna Nishati Kutoka Mikinzano ya Wakati

Mwandishi wa hadithi za kisayansi anayetaka mtambo unaozalisha umeme kutokana na mkinzano wa wakati, yaani tukio la safari ya wakati linalojipinga lenyewe, ajiulize jambo moja kabla ya kuchora hata nati: nishati hiyo analipa nani? Mwaka 1918 mwanahisabati Emmy Noether alithibitisha kwamba nishati huhifadhika, yaani haiongezeki wala haipotei, kwa sababu sheria za maumbile hazibadiliki jana, leo na kesho. Ukisema tu kwamba "nishati ilitoka kwenye mkinzano", msomaji anayejua fizikia atafunga kitabu. Ukimwonyesha deni liko wapi, atasoma hadi mwisho.

Mifupa ya mashine ichukue kwa wanafizikia Morris, Thorne na Yurtsever, waliochapisha hesabu zao mwaka 1988. Unahitaji tundu la mnyoo, yaani njia ya mkato yenye midomo miwili, A na B. A ubaki nyumbani. B uende na kurudi kwa asilimia 60 ya mwendokasi wa mwanga, safari ya miaka 5 kwa saa ya nyumbani. Saa iliyofungwa kwenye B itahesabu miaka 4 tu. Kupitia ndani ya tundu, saa za midomo yote miwili hubaki sambamba, kwa hiyo kinachoingia B mwaka wa 5 hutokea A mwaka wa 4. Pengo ni mwaka 1. Mhusika wako asirudi enzi za babu yake: mashine ya aina hii haifiki wakati uliotangulia kuundwa kwake.

Sasa weka tufe la kilo 1. Mwaka wa 4 linachomoza A likiwa tufe zee, na lile changa bado liko mezani. Kwa mwaka mzima una matufe mawili ilhali ulitengeneza moja. Kilo hiyo ya ziada ikigeuzwa yote kuwa nishati ni jouli 9 × 10¹⁶, yaani uniti za umeme zipatazo bilioni 25. Bwawa la Julius Nyerere, lenye megawati 2,115, lingefanya kazi kwa uwezo wote takriban miezi 16 kufikia kiasi hicho.

Waandishi wengi huishia hapo, na ndipo wanapoharibu. Mdomo unaomeza kitu huongezeka tungamo, na unaokitema hupungua kwa kiasi kilekile. Siku tufe zee lilipotoka, A ulipoteza kilo 1. Kisha mwaka wa 5 tufe changa linatakiwa liingie B, nawe, uliyekwisha kuligeuza zee kuwa nishati, unabaki bila tufe lolote. Ulichopata ni mkopo wa mwaka mmoja. Faida ipo pale tu mhusika anapokataa kulipa, akalizuia tufe changa lisiingie. Huo ndio mkinzano wenyewe, na mafuta ya mtambo ni mdomo A. Uandikie tungamo la kuanzia, tuseme kilo 1,000, na upunguze kilo 1 kila mkopo usiolipwa. Ukivuka sifuri unaingia kwenye tungamo hasi: mdomo unausukuma mbele, wenyewe unakuja nyuma. Fundi anayeufungia boliti ajue hilo mapema.

Amua sasa kinachotokea deni lisipolipwa. Kwa kanuni ya mwanafizikia Igor Novikov, kwamba historia haiwezi kujipinga, haliwezi kutolipwa. Mwanafizikia Polchinski aliuliza: je, tufe zee likilipiga changa na kulikosesha tundu? Mwaka 1991 Echeverria, Klinkhammer na Thorne walionyesha kwamba zipo njia ambazo zee linaligusa changa kidogo tu, na mguso huohuo ndio unaolifanya litoke kwa pembe ya kugusa kidogo. Kanuni hiyo ni nzuri kwa hadithi ya mtambo usiozalisha kitu kamwe. Kwa mavuno, chukua mfano wa mwanafizikia David Deutsch wa mwaka 1991 ukiusoma kwa tafsiri ya dunia nyingi, yaani kwamba historia mbalimbali zipo sambamba: tufe zee limetoka historia nyingine, ambayo imelipoteza kweli. Sisi tunaipendelea hii, kwa sababu mlipaji ana anwani na hadithi inapata mdhulumiwa.

Epuka kusema historia iliyofutwa inatoa joto la kuendesha mtambo. Kanuni ya Landauer ya 1961 inasema kufuta biti moja (kipande kidogo kabisa cha taarifa) kwenye kelvini 300, yaani joto la kawaida la chumbani, kunagharimu angalau jouli 2.9 × 10⁻²¹. Hiyo ni bili unayolipa, haizalishi chochote.

Hitilafu ya kutisha zaidi ni ile ya Hawking, 1992. Pengo linapofikia kiwango cha kurudisha kitu nyuma, mitikisiko ya ombwe, yaani ya nishati isiyotulia hata mahali patupu, inaweza kuzunguka kwenye tundu, ikijijumlisha kila mzunguko hadi ivunje mashine. Kwa hiyo mlipuko wako uweke dakika ya kuwasha, kabla hata ya uniti ya kwanza.

Swichi ya kuzimia ni umbali. Mzunguko wa kurudi wakati uliopita hufungika pale tu mwanga unapovuka kati ya midomo, kwa nje, kwa muda mfupi kuliko pengo. Kwa pengo la mwaka 1 ungelazimika kuitenganisha kwa zaidi ya kilomita trilioni 9.4, jambo lisilowezekana wakati wa dharura. Kwa mtambo wa kila siku tumia pengo la maikrosekunde 1 (sehemu moja ya milioni ya sekunde): B ukizunguka Dunia kwa saa moja hivi kwenye kimo cha kilomita 400 unalipata. Hapo mpaka ni mita 300. Jenga reli ya mita 350, mdomo B uwe juu ya kigari chenye breki inayofunguka umeme ukikatika, na mteremko uelekee mbali na A.