Namna ya Kuitazama Upya 10 Things I Hate About You

Kabla ya kuiwasha filamu hii ya mwaka 1999, iliyoongozwa na Gil Junger, tafuta muhtasari wa The Taming of the Shrew, tamthilia ya Shakespeare iliyozaa kisa chake. Ukurasa mmoja unatosha, mradi ufike mwishoni, pale Katherina, aliyekuwa mkorofi, anapowahubiria wanawake wenzake kuwatii waume zao. Asiyeujua mwisho huo hawezi kuona filamu imekataa nini.

Kisha sikiliza sharti la baba: bintiye mdogo, Bianca, haruhusiwi kuwa na mpenzi mpaka dada yake Kat, asiyetaka hata kumsikia mvulana, awe naye. Aliyesoma Mabepari wa Venisi, tamthilia nyingine ya Shakespeare iliyotafsiriwa na Mwalimu Nyerere, akakutana na Portia na makasha ya marehemu babaye, ambayo kila mchumba hana budi kuchagua moja, hatashangaa. Shakespeare alipenda kuwafungia mabinti kwa masharti ya wazazi.

Kuanzia hapo fuata pesa, kwa maana ndizo zinazoifanya filamu isichuje. Joey, anayemtaka Bianca, anamlipa Patrick ili amtongoze Kat. Patrick, aliyeigizwa na Heath Ledger, anaimba kwa kipaza sauti kwenye majukwaa ya uwanja wa shule, bendi ikimwitikia huku walinzi wakimkimbiza. Mara ya kwanza utacheka tu. Mara ya pili utakumbuka kwamba analipwa, na utaanza kumchunguza usoni kama anavyochunguzwa mchumba ambaye ukoo wake haujulikani. Mavazi na nyimbo za miaka ya tisini ni mapambo. Usipoteze muda navyo.

Tua zaidi kwenye shairi. Mwalimu amewaagiza wanafunzi waandike soneti kwa namna yao, na Kat, ambaye sasa ameshajua habari za malipo, anasimama mbele ya darasa na kuorodhesha anayoyachukia kwa Patrick. Julia Stiles, anayemwigiza Kat, anaanza kwa sauti kavu, kisha sauti inakatika na machozi yanamtoka. Rudisha nyuma, uangalie tena: anakiri kwamba anampenda, lakini hafuti hata kosa moja kati ya aliyoyataja.

Mwishowe Kat anakuta gitaa ndani ya gari lake, limenunuliwa kwa pesa zilezile za Joey. Wanabusiana, na papo hapo Kat anamwonya Patrick kwamba hawezi kumnunulia gitaa kila anapokosea. Hapo ndipo pa kukumbuka hotuba ya Katherina.