Kupunguza barua pepe za akaunti ya gemu bila kuzima zile za usalama

Miaka michache iliyopita nilichoshwa na matangazo ya kampuni moja ya gemu. Leo ofa, kesho ofa ya mwisho, keshokutwa ofa imeongezewa muda. Nikaunda kichujio kwamba chochote kitokacho kwao kiende moja kwa moja kwenye tupio. Kikasha kikatulia. Wiki tatu baadaye nikataka kucheza, nenosiri likakataa. Nilipofungua tupio nikakuta barua tatu zimefuatana: kifaa kipya kimeingia kwenye akaunti yako, nenosiri limebadilishwa, anwani ya barua pepe imebadilishwa. Ile ya mwisho ilikuwa na kiungo cha kurudisha mambo yalivyokuwa, lakini muda wake ulikuwa umekwisha. Akaunti niliipata baada ya karibu mwezi mzima wa kuandikiana na huduma kwa wateja na kuwatumia stakabadhi za vitu nilivyonunua zamani.

Tangu hapo, kila mtu anayeniomba nimsafishie kikasha chake namfanyia kwa utaratibu ufuatao. Unachukua kama saa moja, na sehemu kubwa ya saa hiyo inaishia kwenye hatua ya kwanza.

Hatua ya 1: Zitenge barua kabla ya kugusa kitufe chochote

Tafuta kwenye kikasha chako jina la kampuni ya gemu, kisha zipitie barua zake za miezi miwili hivi. Utaona mafungu manne. Kuna matangazo: punguzo, gemu mpya, majarida. Kuna arifa za kijamii: fulani ameomba urafiki, kikundi chako kina tukio. Kuna stakabadhi za malipo. Na kuna barua za usalama: misimbo ya kuingia, taarifa za kifaa kipya, mabadiliko ya nenosiri. Mafungu mawili ya kwanza ndiyo tunayotaka kuyapunguza. Mawili ya mwisho usiyaguse, hata kama yanakuudhi, maana siku ya shida ndiyo ushahidi wako.

Sasa angalia anwani inayotuma kila fungu. Kampuni nyingine hutumia anwani moja kwa matangazo na nyingine kwa usalama, na hapo kazi ni rahisi. Nyingine huchanganya. Kwa Steam, duka la gemu la mtandaoni, anwani noreply@steampowered.com ndiyo inayoleta habari za punguzo la gemu ulizoziweka kwenye orodha ya matamanio, na ndiyo hiyohiyo inayoleta msimbo wa Steam Guard, yaani ulinzi wake wa kuingia. Ukiifungia anwani hiyo umejifungia mlango mwenyewe. Kwa hiyo andika pembeni, hata kwenye karatasi, maneno yanayojirudia kwenye vichwa vya barua za usalama. Yanakiliwe kama yalivyo, kwa lugha ileile ambayo akaunti yako inatumia. Tutayahitaji kwenye hatua ya 4.

Hatua ya 2: Zima matangazo ndani ya akaunti yenyewe

Usiingie kwa kubofya kiungo kilichomo ndani ya barua. Fungua kivinjari, andika anwani ya tovuti kwa mkono wako, au tumia programu uliyokwisha kuisakinisha. Kila kampuni huuficha ukurasa wa barua pepe mahali pake: kwenye Steam utaufikia kupitia maelezo ya akaunti, kwenye Epic Games uko kwenye ukurasa wa akaunti, sehemu ya mawasiliano, kwa Xbox, mapendeleo hayo yako kwenye akaunti yako ya Microsoft, si kwenye mashine ya kuchezea. Ondoa alama moja baada ya nyingine. Kuna kampuni zenye kitufe kimoja cha kuzima yote, lakini mimi huacha arifa za stakabadhi zikiwa wazi popote ninapopewa nafasi ya kuchagua.

Wengi hukwama hapa kwa sababu hii: gemu moja inaweza kuwa na akaunti mbili au tatu. Umenunua kwenye duka moja, lakini mtengenezaji wa gemu alikulazimisha kufungua akaunti yake pia, kama wanavyofanya EA na Ubisoft. Ukizima barua za duka, mtengenezaji hana habari. Ataendelea kukuandikia, na wewe utadhani umepuuzwa. Soma jina la mtumaji kwa makini, kisha uende kwenye akaunti husika.

Ukishahifadhi mabadiliko, subiri. Sheria ya Marekani ya mwaka 2003 kuhusu barua pepe za kibiashara, CAN-SPAM, inampa mtumaji siku 10 za kazi kutekeleza ombi lako la kujiondoa. Barua mbili tatu zikiingia ndani ya muda huo, bado hujadharauliwa.

Hatua ya 3: Jiondoe, na ujue tofauti yake na kuripoti taka

Kwa yale yaliyobaki, tumia kitufe cha kujiondoa ambacho huduma ya barua pepe hukuonyesha juu, karibu na jina la mtumaji. Kitufe hicho kinatokana na maelezo ya kiufundi yaliyofichwa ndani ya barua, si kwenye maandishi unayoyasoma, ndiyo maana nakiamini kuliko kiungo kidogo cha kijivu kule chini. Tangu Februari 2024, Gmail na Yahoo zimewataka watumaji wakubwa waweke njia ya kujiondoa kwa mbofyo mmoja na kutekeleza ombi ndani ya siku 2. Kwa Gmail, mtumaji mkubwa ni anayepeleka barua 5,000 au zaidi kwa siku kwa watumiaji wake.

Kuripoti taka ni jambo jingine kabisa. Ukiripoti barua za kampuni ambayo una akaunti kwake, unaifundisha huduma yako ya barua kwamba mtumaji huyo ni mbaya, na siku ukihitaji msimbo wa kuingia utaukuta kwenye taka, kama utaukuta. Ripoti matapeli. Kampuni unayoifahamu, jiondoe.

Na kinyume chake: kampuni ambayo hukuwahi kuisikia, usijiondoe kwayo. Tapeli akituma barua kwa anwani elfu, anayebofya "jiondoe" anamthibitishia kwamba anwani yake ni hai na kuna mtu anaisoma. Barua ya namna hiyo iripoti kama taka, usiifungue tena.

Hatua ya 4: Kichujio chenye ubaguzi

Ikiwa baada ya wiki mbili bado barua zinakuja, sasa unda kichujio. Kwenye Gmail bofya alama ya chaguo za utafutaji upande wa kulia wa kisanduku cha kutafutia. Weka anwani ya mtumaji. Kisha, na hapa ndipo nilipokosea mimi, nenda kwenye sehemu ya maneno yasiyokuwemo, uweke yale maneno ya usalama uliyoyaandika kwenye hatua ya 1. Chagua barua zisipite kwenye kikasha na zipewe lebo, tuseme "Gemu". Usichague kufuta. Tupio la Gmail hujisafisha baada ya siku 30. Lebo haipotezi kitu.

Kisha unda kichujio cha pili kwa anwani hiyohiyo, safari hii kwa barua zilizo na maneno hayo ya usalama, na uchague zisipelekwe kwenye taka kamwe na ziwekewe nyota. Omba msimbo wa kuingia, uone unafikia wapi. Usipoujaribu, huna uhakika kwamba kichujio kinafanya kazi.

Hatua ya 5: Barua ya usalama ambayo hukuiomba

Watu wengi huziita hizi usumbufu, nami naziona kama kengele. Zisome kwa makini, kwa sababu hazifanani.

Barua ya kuomba kubadili nenosiri ina maana kwamba mtu anajua anwani yako au jina lako la mchezo, basi. Ikija mara moja, iache. Msimbo wa uthibitisho unaoombwa wakati wa kuingia, baada ya nenosiri, ni habari nyingine: kwenye huduma inayouliza nenosiri kwanza, msimbo hutumwa baada ya nenosiri kukubaliwa. Yaani aliyeko mlangoni tayari ana ufunguo mmoja. Ingia kwa anwani uliyoiandika mwenyewe, badilisha nenosiri, ondoa vifaa vyote vilivyoingia kwenye akaunti, kisha hamisha uthibitishaji wako kutoka barua pepe kwenda programu ya misimbo kwenye simu. Msimbo wenyewe usimpe mtu yeyote, hata rafiki anayesema ametuma kwako kwa bahati mbaya.

Fika pia kwenye barua pepe yenyewe. Angalia vichujio na anwani zinazosambaziwa barua zako. Mwizi akiingia huko huweka kichujio kinachoficha barua za usalama usizione. Tovuti ya Have I Been Pwned, aliyoianzisha Troy Hunt mwaka 2013, itakuonyesha kama anwani yako imo kwenye data zilizovuja. Mwaka 2011 uvamizi wa PlayStation Network, mtandao wa gemu wa Sony, uligusa akaunti zipatazo milioni 77, na wanaotumia nenosiri moja kila mahali ndio huumia zaidi baada ya matukio kama hayo.

Kuna hali moja inayonitia hofu kuliko zote: ghafla, ndani ya saa moja, unapokea mamia ya barua za kukaribishwa kwenye majarida usiyoyajua. Usianze kufuta. Mara nyingi mtu amekumwagia takataka hizo ili stakabadhi moja izame humo. Tafuta neno la malipo au la oda, na angalia akaunti zako zenye kadi ya benki.

Hatua ya 6: Akaunti si yako

Gmail haihesabu nukta zilizo ndani ya jina, kwa hiyo mtu aliyekosea kuandika anwani yake anaweza kukuletea barua za akaunti yake miaka nenda miaka rudi. Usibadili nenosiri ili uingie. Akaunti ni ya mtu, pengine ya mtoto. Tafuta kiungo cha kusema si wewe uliyeifungua, au waandikie huduma kwa wateja.

Hatua ya 7: Anwani ya gemu peke yake

Kwa akaunti mpya, tenga anwani. Kwenye Gmail unaweza kuongeza alama ya kujumlisha na neno baada ya jina lako, mfano jina+gemu kabla ya alama ya @, ingawa tovuti nyingine huikataa. Hide My Email ya Apple na Firefox Relay ya Mozilla hukupa anwani za kujificha; lakini ukiifuta anwani hiyo, umefuta na njia ya kurejesha akaunti. Mimi hupendelea kisanduku kamili cha pembeni, na hukifungua kila mwezi, kwa sababu Google huweza kufuta akaunti isiyotumiwa kwa miaka 2.

Hatua ya 8: Kama huchezi tena

Kuondoa gemu kwenye simu au kompyuta hakusimamishi barua. Kufunga akaunti kunasimamisha matangazo, lakini kunapoteza na vyote ulivyonunua, kwa hiyo hifadhi stakabadhi kwanza. Sheria ya Umoja wa Ulaya ya ulinzi wa data, GDPR, iliyoanza kutumika tarehe 25 Mei 2018, inawapa waliomo chini yake haki ya kukataa matangazo na ya kuomba data zao zifutwe. Hata ukiwa nje ya huko, kuandika hakuzuiwi:

"Naomba mfunge akaunti iliyosajiliwa kwa anwani hii na kufuta data zangu. Sikubali tena kutumiwa matangazo. Tafadhali nithibitishieni kwa maandishi mkimaliza."

Itume kutoka anwani ileile iliyosajiliwa, na usiifunge anwani hiyo mpaka uthibitisho ufike.