Kugawana Nyumba ya Pamoja Mombasa kwa Maridhiano ya Mahakamani

Hata kesi ya kugawana mali ikishafika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, mlango wa suluhu haujafungwa, kwani Kifungu cha 159 cha Katiba ya 2010 kinaitaka mahakama ihimize maridhiano. Kwanza hakikisheni mnachogawana ni nini hasa: Mombasa zipo nyumba nyingi bila ardhi, ambapo kuta ni zenu na kiwanja ni cha mwingine, na hapo hakuna ardhi ya kukatwa. Ikiwa mali ni ya marehemu, mirathi itangulie.

Mwiteni mpimaji mwenye leseni kabla ya kuandika chochote. Nyumba yenye ukumbi mmoja katikati na vyumba sita haigawanyiki kwa kusema tu "upande wa kisimani ni wako". Andikeni nani anachukua vyumba vipi, ukumbi, choo na uani vitatumiwaje, na, ikiwa mmoja atalipwa ili aondoke, atalipwa kiasi gani na kufikia tarehe ipi.

Kila mwenye hisa atie saini, hata dada aliyeolewa Lamu (ambaye husahauliwa mno), kisha hati iwasilishwe mahakamani. Chini ya Agizo la 25, kanuni ya 5, ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za 2010, jaji akiridhika ataiandikisha na kutoa hukumu kulingana nayo. Isomeni polepole kabla ya kutia saini, maana hukumu ya maridhiano haikatiwi rufaa, na hutenguliwa kwa sababu chache tu, kama vile ulaghai. Nakala iliyothibitishwa hupelekwa kwa msajili wa ardhi pamoja na ramani ya mpimaji.