Somo: Ziara fupi ya Basilika ya Namugongo kwa mahujaji wanaotoka Mwanza

Tumsifu Yesu Kristo.

Tangu hija ya Namugongo, kule Uganda walikochomwa wengi wa wale mashahidi 22 Wakatoliki waliouawa kwa ajili ya imani, itangazwe parokiani, simu hazitulii, na wengi wanaulizia nauli. Nauli mtaipata kwa mweka hazina. Mimi naandika kwa ajili ya wachache waliouliza tukifika kule tutaonyeshwa nini, kwa sababu hapo ndipo hija nyingi zinapoharibika. Watu wanateremka kwenye Coaster wamechoka, wanapiga picha mbele ya nguzo, wananunua rozari na kalenda, halafu dereva anapiga honi. Wakirudi nyumbani ukimwuliza mtu Karoli Lwanga, kiongozi wa mashahidi hao, alifia wapi hasa, anakuonyesha picha ya kanisa zima.

Somo hili ni la kikundi kidogo, watu kumi na tano hadi thelathini, siku ya kawaida ya juma, mkiwa na saa moja na nusu hivi. Wanaotaka kwenda tarehe 3 Juni nimewajibu kule chini kwenye maswali.

Hatua ya 1: Hadithi ianze kabla ya daraja

Mkitoka mjini mkapita Usagara kuelekea Kigongo, kabla hamjafika Daraja la J.P. Magufuli mtapita Bukumbi. Mwombeni dereva apunguze mwendo, na kiongozi asimame aeleze. Wamisionari wa Afrika, wale Mapadre Weupe, walipoondoka Buganda mwishoni mwa 1882 walivuka ziwa wakaja huku kwetu, wakafungua misheni Bukumbi mwaka 1883. Walirudi Buganda mwaka 1885, na ndani ya mwaka mmoja vijana waliowafundisha walikuwa wameanza kuuawa.

Kuna na la pili, ambalo wengi wetu hatukulisikia kwenye katekisimu. Kabaka Mwanga, mfalme wa Buganda aliyeamuru mashahidi wauawe, alipinduliwa mwaka 1888. Alikimbia kwa njia ya ziwa akafikia Magu, na baadaye akapewa hifadhi na mapadre hawahawa, Bukumbi hiihii. Yaani waliompokea ni walimu wa watoto aliowachoma moto miaka miwili tu nyuma. Mimi naona hiyo inatosha kuwa tafakari ya njiani mpaka Geita, wala msiweke kwaya kwenye spika.

Tena padre wa kwanza Mkatoliki kufika Uganda alipanda mtumbwi huku kwetu. Padre Siméon Lourdel na Bruda Amans waliondoka Kageye, wilaya ya Magu, Januari 1879, wakatua Kigungu karibu na Entebbe tarehe 17 Februari. Padre Lourdel Waganda wanamwita Mapeera, na mtalisikia jina hilo kila kona mkifika. Wenyeji wakiwauliza mnatoka wapi, waambieni mnatoka alikotokea Mapeera. Mtapokewa vizuri.

Hatua ya 2: Makaratasi

Hapa sikai sana. Pasipoti, au hati ya dharura ya safari kutoka Uhamiaji. Kadi ya chanjo ya homa ya manjano, na chanjo yenyewe mchome angalau siku 10 kabla ya safari. Mtoto awe na cheti cha kuzaliwa, na kama hasafiri na wazazi, awe na barua yao. Mtanzania halipi viza Uganda. Fedha badilisheni dukani, siyo kwa vijana wanaowazonga pale mpakani Mutukula na mabunda mkononi. Kama mnakwenda na padre na mnataka Misa yenu, aandike mapema kwa ofisi ya hija ya Namugongo na abebe barua ya utambulisho kutoka jimboni.

Wanaochoka haraka waende Bukoba kwa meli, wakutane na wenzao asubuhi. Na mkiwa Bukoba ingieni Kanisa Kuu mkasali kwenye kaburi la Kardinali Laurean Rugambwa, Mwafrika mweusi wa kwanza kufanywa kardinali nyakati hizi, mwaka 1960. Dakika 20 zinatosha.

Hatua ya 3: Getini

Namugongo iko kaskazini mashariki mwa Kampala, kama kilomita 15 kutoka katikati ya jiji, na foleni ya Kampala msiifanyie mzaha. Laleni upande wa Namugongo, mfike mapema asubuhi.

Nendeni ofisini mkaombe mwongozaji, na malipo au sadaka yaishie hukohuko ofisini. Mwulizeni kama yuko anayejua Kiswahili. Asipopatikana, mteueni mmoja wenu anayejua Kiingereza kizuri atafsiri, na asiongeze yake. Watafsiri wetu wana tabia ya kuhubiri.

Kisha mwambieni mwongozaji neno hili: "Tuna saa moja na nusu. Tupe watatu, siyo wote 22." Mwongozaji akianza kuwataja wote 22 na ukoo wa kila mmoja, mtafika altareni mmeshachoka kusikiliza. Mimi huwa naomba Karoli Lwanga, Kizito na Mbaga Tuzinde.

Hatua ya 4: Nje kwanza

Msikimbilie ndani. Simameni mbali kidogo mlione kanisa zima. Limejengwa kwa umbo la nyumba ya asili ya Kiganda, na waliokulia Kagera watatambua mara moja kwamba huo ni msonge, ila wa chuma na shaba. Aliyechora ramani yake alikuwa Mswisi, Justus Dahinden. Nguzo zimeteremka kutoka juu mpaka chini kulizunguka kanisa lote, na ziko 22, kwa idadi ya mashahidi Wakatoliki.

Watoto wa Utoto Mtakatifu, chama chetu cha watoto, wape kazi ya kuzihesabu. Mtoto mmoja asimame ameshika nguzo ya kwanza, asibanduke, wengine wazunguke wakihesabu kwa sauti mpaka wamrudie. Bila huyo wa kusimama, kanisa ni la mviringo, kila nguzo imefanana na mwenzake, na kila mtoto atakuja na jibu lake: 21, 23, 25. Wakimaliza, kila mmoja achague nguzo moja na apewe jina la shahidi mmoja wa kumkumbuka. Watu wazima nao hupenda, wanajifanya tu hawapendi.

Mwongozaji atawatajia miaka. Shikeni hii michache: Papa Benedikto XV aliwatangaza wenye heri mwaka 1920, Papa Paulo VI akawatangaza watakatifu tarehe 18 Oktoba 1964, akaja mwenyewe Namugongo Agosti 1969. Kanisa lilitabarukiwa tarehe 3 Juni 1975, na mwaka 1993 likapewa hadhi ya basilika ndogo. Yohane Paulo II alifika mwaka huohuo, na Papa Fransisko akaadhimisha Misa hapo Novemba 2015.

Hatua ya 5: Ndani, altareni

Hapa msihesabu dakika. Simu zizimwe, kofia zivuliwe, na akina mama wenye suruali wajifunge kanga au kitenge. Kama kuna Misa au watu wanaabudu, mwongozaji hataongea, basi kaeni kimya mpaka wamalize.

Altare iko mahali panapoheshimiwa kuwa ndipo alipochomwa Mtakatifu Karoli Lwanga. Ilikuwa Alhamisi, tarehe 3 Juni 1886, sikukuu ya Kupaa Bwana. Wenzake walifungwa kwenye mikeka ya matete wakapangwa juu ya lundo moja la kuni. Yeye alitengwa, akachomwa peke yake kwa moto wa polepole ulioanzia miguuni. Alikuwa kiongozi wa vijana wa ikulu, na siku chache kabla, usiku ule wa Munyonyo, kwenye ikulu ya Kabaka, walipojua hukumu iko njiani, ndiye aliyewabatiza wale ambao walikuwa bado wakatekumeni, yaani wanafundishwa dini kabla ya ubatizo. Kizito, mdogo kuliko wote, kama miaka 14, alikuwa mmoja wao.

Halafu mwombeni awasimulie Mbaga Tuzinde. Huyu alikuwa mtoto wa kulelewa wa Mukajanga, mkuu wa wanyongaji wenyewe. Baba alimbembeleza aseme tu neno moja la kukana, amfiche. Akakataa. Mukajanga hakuweza kumwona akiungua hai, akaagiza apigwe kwanza shingoni, ndipo mwili ukawekwa kwenye moto pamoja na wengine. Ukimsikiliza mwongozaji akilieleza hilo, angalia wanaume wa kikundi chako. Wenye vijana wakubwa nyumbani wanainamisha vichwa.

Baada ya hapo salini pamoja Baba Yetu na Nasadiki, kisha kila mtu na sala yake. Msianzishe wimbo wa mapambio.

Hatua ya 6: Bwawani

Teremkeni kwenye ziwa dogo la kuchimbwa. Kuna altare katikati ya maji, na ngazi za watu kukaa zimeuzunguka mteremko. Ndiko Misa ya 3 Juni inakofanyika. Watu huchota maji hapa wakaenda nayo nyumbani. Sisi tuliozaliwa kando ya Ziwa Victoria tutaliona dogo, lakini msicheke mbele ya wenyeji.

Hatua ya 7: Nakiyanja, muda ukiruhusu

Mwendo mfupi kutoka basilika kuna eneo la hija la Waanglikana, Nakiyanja. Nendeni. Waanglikana 23 nao waliuawa katika mateso yaleyale, wengine kwenye moto wa siku hiyohiyo, na Papa Paulo VI aliwataja siku alipowatangaza hawa 22. Makumbusho yao yana sanamu zinazoonyesha mateso yalivyokuwa, na zinatisha. Watoto wadogo wabaki nje na mama mmoja.

MASWALI YA WANACHAMA

Mama Teddy, Nyakato: Nina magoti. Nitaweza?

Utaweza, mama. Kuzunguka kanisa ni tambarare, shida iko kwenye ngazi za bwawani. Huko kaa juu, utaona kila kitu. Tatizo lako kubwa litakuwa kukaa kwenye basi, kwa hiyo wewe nakushauri meli hadi Bukoba.

Kijana wa VIWAWA (chama cha vijana Wakatoliki), Buhongwa: Kwa nini tusiende 3 Juni yenyewe? Ndiyo sikukuu.

Nenda, ila ujue unakwenda kusali, siyo kutembezwa. Umati wa siku hiyo ni wa nchi nzima pamoja na majirani, wengine wametembea kwa miguu majuma kadhaa. Basilikani hutafika karibu, na Misa utaisikia kwenye vipaza sauti. Ni neema kubwa kwa namna yake. Anayetaka kuelewa mahali pale aende mwezi mwingine.

Mwalimu, Magu: Wote 22 walichomwa Namugongo?

Hapana, mwalimu, na ni vizuri umeuliza maana mahubiri mengi yanachanganya. Wakatoliki waliouawa Namugongo ile 3 Juni ni 13, Karoli Lwanga akiwemo. Wa kwanza wao, Yosefu Mukasa Balikuddembe, aliuawa Nakivubo Novemba 1885. Denisi Ssebuggwawo na Andrea Kaggwa waliuawa Munyonyo Mei 1886, Noa Mawaggali akauawa Mityana. Wa mwisho, Yohane Maria Muzeeyi, aliuawa Januari 1887. Mkipata siku ya pili Kampala, nendeni Munyonyo, iko ufukweni kabisa mwa ziwa letu.

Mume wa Mlutheri: Mke wangu si Mkatoliki. Ataruhusiwa?

Anaruhusiwa kila mahali, asipokee Komunyo tu. Na Nakiyanja huenda ikamgusa kuliko wewe.

Katekista mstaafu: Rehema kamili (kuondolewa adhabu zote za dhambi zilizokwisha kusamehewa) inapatikana siku yoyote?

Kwa basilika ndogo, muumini anaweza kuipata mara moja kwa mwaka kwa siku aliyoichagua mwenyewe, mbali na tarehe 29 Juni, 2 Agosti na sikukuu ya msimamizi wa kanisa. Masharti ni yaleyale: kitubio, Komunyo, kusali kwa nia za Baba Mtakatifu, na moyo usiong'ang'ania dhambi. Ndiyo maana nimeweka Baba Yetu na Nasadiki pale hatua ya 5. Kitubio mfanye huku Mwanza kabla ya kuondoka, kule foleni ya lugha itawasumbua.

Mama wa WAWATA (Wanawake Wakatoliki Tanzania), Pasiansi: Maji ya bwawani yanaponya? Naruhusiwa kumpa mgonjwa anywe?

Dada yangu, chota kwa imani, mpelekee padre akubarikie, mnyunyizie mgonjwa. Kunywa hapana. Ni maji ya bwawa la wazi na watu wanayashika kutwa. Na mgonjwa aendelee na dawa za hospitali.

Asiye na nauli, Igoma: Mwaka huu sina uwezo kabisa. Nifanye nini?

Kusanya jumuiya yako, pandeni gari la Magu, muulizie Kageye. Msitegemee basilika, ni kijiji cha wavuvi, na mkimkuta mzee wa pale mwombeni kwa heshima awaonyeshe. Siku nyingine nendeni Bukumbi, ni daladala tu. Mwambieni Paroko mapema, akiweza awape barua na aje na ninyi. Chakula mbebe.